Kalamu Nyekundu ya Baba Yako

Tarehe 6 Februari

Mwanangu Nukta,

Shikamoo yako imefika, marahaba, na salamu zangu ni nyingi kuliko karatasi hii inavyoweza kubeba. Sisi hatujambo. Juma lililopita hospitali wameniletea mashuka mia na ishirini kwa mpigo, na pasi yangu ile kubwa imekatika waya, kwa hiyo napiga kwa ile ndogo ya safari. Ni kama kulima shamba kwa kijiko. Mgongo unalalamika ila nimeuambia usubiri zamu yake. Baba yako kifua kinambana, lakini mdomo haujabanwa, kwa hiyo usiwe na wasiwasi.

Kwanza niambie wewe. Unalala? Unalala kweli, au umelala huku mguu mmoja uko chini unatafuta kiatu? Daktari akisema kitandani mpaka siku ya kujifungua, maana yake ni kitandani. Mwambie mkwe wangu asikuachie hata kikombe cha kuosha. Hii ni mimba ya tatu, mwanangu. Zile mbili sizitaji, ila tunazijua mimi na wewe.

Baba yako amefurahi. Kwa mdomo hajasema, unamjua, lakini siku ile habari ilipofika alivua miwani akaifuta mara tatu na haikuwa na vumbi. Halafu akasema, "Nilimwita huyu mtoto Nukta nikidhani sentensi imekwisha. Kumbe nilitakiwa niweke mkato." Tangu hapo mjukuu anaitwa Mkato, na mimi nimeshazoea. Jana nimekata nepi sita kutoka kwenye shuka laini, nikajikuta nasema hizi za Mkato.

Barua yako ya mwezi jana nairudisha humu, imesahihishwa kama kawaida. Nilimwambia, mzee, mtoto yuko kitandani na tumbo lake, iache barua moja ipite. Akanijibu kwamba miaka thelathini na moja amesoma prufu kwenye kiwanda cha uchapaji, akisahihisha kurasa kabla hazijachapwa, na hakuna ukurasa uliopita mbele yake ukatoka mweupe, wa mtoto wake hautakuwa wa kwanza. Makosa tisa. Anasema kwako ni machache, ila hiyo nimekuibia siri, hakutaka uambiwe.

Sasa hilo neno lako. Nimelisoma mara nne, "relict". Umesema hapo kazini kwenu kwenye kamusi kila mtu amepewa neno lake la Kiingereza, na wewe ukapewa hilo ulale nalo, utafute lilikotumika kote, kisha ulitafutie Kiswahili chake. Nimecheka. Wenzio wanalala na mto. Umesema maana yake ya zamani ni mwanamke ambaye mumewe amekufa, na kwa kuwa asili ya neno ni kuachwa nyuma, ulitaka kuandika "aliyeachwa". Baba yako amekasirika vizuri sana, hata kikohozi kikakoma. Jibu lake ameliandika kwenye kadi, nalinakili hapa kama alivyoliandika:

"Hapana. Aliyeachwa amepewa talaka. Aliyefiwa hakuachwa, ameporwa. Andika mjane. Na mfano utoe kwenye maisha. Mfano usiotoka kwenye maisha ni shati lililopigwa pasi bila kufuliwa."

Hilo la shati ameliiba kwangu.

Kula, mwanangu. Lala. Ukiona damu hata tone usijifanye shujaa.

Mama yako


Tarehe 1 Machi

Wapendwa baba na mama,

Shikamooni. Nawaandikia nimeegemea mito mitatu, kama bibi harusi aliyechelewa kuchukuliwa. Mume wangu anaenda karakana alfajiri, anatengeneza pampu za watu mpaka jioni, lakini kabla hajatoka anaweka kila kitu pale mkono wangu unapofika: maji, dawa, redio, na masanduku mawili ya kadi za kazi. Mkuu wa idara ameniruhusu nifanye kazi hapa hapa. Anasema neno halijali mtu amekaa au amelala.

Mkato anapiga teke kila nikifungua sanduku la kadi. Nadhani amerithi mtu fulani. Daktari amepima juzi, amesema mpaka sasa mambo ni mazuri, ila nisipande ngazi, nisibebe kitu, na nisipate mshtuko wa aina yoyote. Mume wangu akauliza, na akipata hasira kwa sababu ya barua yenye wekundu kibao? Daktari hakuelewa.

Baba, makosa tisa nimeyaona. Saba nayakubali.

Leo nina maana ya pili. Wataalamu wa mimea wanaliita hivyo jani au mti uliobaki mahali pamoja tu, baada ya ndugu zake wote kutoweka. Zamani ulienea nchi nzima, kisha baridi au ukame ukapita, na sasa umebaki kwenye bonde moja lenye unyevu, hauna jamaa popote. Nimejaribu kuandika "masalia", lakini nikisikia masalia naona sahani. "Mabaki" naona ajali. Huu mti haujaharibika, baba, una majani, unatoa maua. Umekosa wenzake tu. Tunauitaje?

Mama, kifua cha baba kinaendeleaje? Niambie kweli. Unakumbuka mimba ya pili ilipotoka, nilikaa mwezi mzima sikukwambia, na ulivyolia siku ulipojua. Haikuwa kwa ajili ya mtoto tu. Ulisema nimekuacha unacheka peke yako. Tukaapishana kwamba hatufichani tena. Mimi nakwambia kila kitu. Na wewe niambie.

Nawapenda. (Baba, hilo si kosa, usilikate.)

Nukta


Tarehe 24 Machi

Nukta, mwanangu,

Barua hii naiandika lakini sijui mguu gani utaipeleka posta.

Baba yako amefariki Jumanne tarehe 19, mchana. Nimeandika, sasa niangalie kama nimeandika kweli. Nimeandika.

Barua yako ilifika asubuhi ile. Aliniomba nimkalishe, nimpe ubao wa kuandikia na kalamu yake nyekundu, akavaa shati jeupe, kwa sababu alisema kazi haifanywi na fulana. Nikamfunga vifungo mimi. Mimi nikaenda kwenye meza ya pasi, hatua nne tu, nikawa nampa mgongo. Nasikia kalamu inakwaruza. Akasema, "Huyu mtoto haweki mikato kabisa, anakimbia kama anafukuzwa." Nikamjibu, amezaliwa na wewe. Akacheka kidogo, akakohoa, kalamu ikakwaruza tena, kisha kukawa kimya. Nikajua anasoma. Nukta, nilipiga pasi shuka mbili nzima. Mbili. Nilikunja na pembe.

Nilipogeuka kalamu ilikuwa imemwangukia kifuani, wino umeingia kwenye mfuko wa shati. Unajua nilimwambia nini? Nilimwambia, "Mzee, shati hilo nimelifua jana." Hayo ndiyo maneno ya mwisho niliyompa, na alikuwa hayasikii.

Barua yako aliisahihisha mpaka nusu. Wekundu unashuka vizuri, halafu unakoma, na chini yake ni wewe mwenyewe umebaki, hujaguswa.

Tumemzika kesho yake. Baba yako mdogo akasema twende posta tukapige telegramu, mtoto ana haki ya kujua. Nikamshika mkono. Nikamwambia akithubutu nitamfua na kumwanika. Alidhani natania. Daktari amesema usipate mshtuko. Wewe mwenyewe umeniandikia, kwa mkono wako. Nimeshazika mmoja, sitaki kuzika wawili, na huyu mwingine bado hata sijamwona uso.

Najua tuliapishana. Mtoto akitoka mwezi wa saba nitakuja mwenyewe, nitakwambia ukiwa umempakata. Mtu akiwa amepakata mtoto haanguki, mikono haimruhusu.

Nimeisoma upya barua hii. Haiendi. Naiweka kwenye mfuko wa lile shati.


Tarehe 2 Aprili

Mwanangu Nukta,

Natumaini umelala vizuri na tumbo limelala vizuri. Sisi huku hatujambo. Mvua zimeanza, mashuka hayakauki, nimefunga kamba ndani ya nyumba mpaka tunapita tumeinama kama wezi. Pasi kubwa imetengenezwa. Nepi zimefika kumi na mbili, nimezipinda pembeni kwa mkono kwa sababu cherehani inaacha mshono mgumu, na ngozi ya mtoto haitaki.

Baba yako hajambo. Anapumzika sana siku hizi. Barua yako ameisoma yote na safari hii hairudi, anasema haina kosa hata moja, umeandika vizuri sana. Amesema pole mwanangu kwa kulala kitandani muda mrefu, na anakupenda, na anajivunia kazi yako.

Kuhusu ule mti, anasema andika "mti uliobakia". Mimi nilimwambia kwamba mti huo usionewe huruma sana. Kama una maua basi nyuki wanaujua, hauko peke yake kabisa. Nikamwambia hata mashuka, ukinunua sita, matano yakachanika, lile moja unalipenda kuliko ulivyoyapenda yote sita. Unalifua kwa mkono. Hulitoi kwa wageni. Amekubali.

Jambo moja, mwanangu. Usipige simu pale kwa jirani mwenye duka la dawa. Simu yao inakwaruza, na mimi nikisikia sauti yako nalia bure tu, ndivyo nilivyo, utadhani kuna jambo. Barua inatosha. Barua naipenda zaidi, naisoma mara nyingi.

Mkato anapiga teke bado? Niambie anapiga upande gani.

Mama yako


Tarehe 29 Aprili

Mama mpendwa,

Shikamoo. Barua yako ya tarehe 2 nimeipata juzi. Samahani nimechelewa kidogo kujibu, nilikuwa nimechoka.

Mimi nipo. Mume wangu yupo, anakusalimu, amepata kazi ya pampu ya shule na anarudi na grisi mpaka masikioni. Mvua kwetu pia. Mkato ametulia.

Mwambie baba nimefurahi kwamba barua yangu haikuwa na kosa. Mwambie nimesoma aliposema pole. Nimepasoma mara nyingi.

Nimefika maana ya tatu, ya watu wa mawe. Wanasema jiwe likizama chini sana ardhini linapikwa na joto mpaka linageuka kuwa jiwe jingine, rangi nyingine, jina jingine. Lakini ukilipasua unaweza kukuta ndani yake chembe ambazo joto halikuzigeuza. Bado ni za jiwe la zamani. Nazo zinaitwa kwa neno langu hilo hilo. Na wanasheria nao wana neno la ukoo huo huo kwa ajili ya nchi kavu inayobaki pale maji yalipojitenga. Jana kulikuwa ziwa, leo watu wanauliza ardhi hii ni ya nani.

Sina swali kwa baba mwezi huu. Ila kama anaweza, airudishe barua hii na wekundu wake. Nimeuzoea.

Mama, unakula? Nani anakusaidia kukamua mashuka? Lazima yakamuliwe na watu wawili, mmoja huku na mmoja kule. Nimekuwa nalifikiria hilo.

Nukta


Tarehe 20 Mei

Mwanangu Nukta,

Barua yako ilikuwa fupi mpaka niliigeuza kutafuta nyingine nyuma. Umechoka, najua, miezi hii ya saba na ya nane mtu anakuwa kama gunia. Usijilazimishe kuandika. Lakini hukuniambia anapiga teke upande gani. Kutulia ni vizuri, wewe pia ulitulia mwezi wa saba, nilikwenda kwa mkunga nalia, akaweka sikio akaniambia huyu analala tu kama baba yake.

Barua hii hapa imerudi. Baba yako ameisahihisha, kama ulivyoomba. Mkono wake siku hizi ni mzito kidogo, utaona. Anasema makosa ni machache. Anasema kalamu hii nyekundu ni ya Mkato, akikua apewe.

Kuhusu jiwe na ziwa, nimemsomea. Mimi nikamwonyesha birika letu. Maji yakikauka linabaki lile ganda jeupe chini, na ukilikwangua usiku, asubuhi lipo. Nikamwambia maji yameondoka lakini yameacha sura yao. Akasema ni mfano mzuri, niuandike.

Kuhusu kukamua: nafunga ncha moja kwenye kitasa cha mlango, nakamua upande wangu. Kitasa ni msaidizi mzuri, hakisemi kwamba mikono inauma. Baba yako mdogo huja Jumamosi, tunasaidiana.

Sasa sikiliza. Nimeomba likizo kwa bwana wa stoo ya hospitali. Nimekata tikiti ya treni ya tarehe 20 Julai, siku mbili njiani, nafika kwako tarehe 22, siku chache kabla ya siku yako ya kujifungua. Nepi ni ishirini na nne, zimepindwa zote. Nina kofia mbili, nyeupe na ya manjano, kwa kuwa hatujui ni nani anayekuja. Nakuja peke yangu, baba yako safari ndefu haiwezi. Nina mambo ya kukwambia ila ni ya kukaa kitako, si ya barua.

Lala, mwanangu. Siku zinahesabika sasa.

Mama yako


Tarehe 26 Juni

Mama yangu,

Shikamoo. Nimeanza barua hii mara nyingi na kapu la taka limejaa. Hii naimaliza, kwa sababu utapanda treni na nepi ishirini na nne, na siwezi kukuacha upande.

Mama, kaa kwanza. Kaa kwenye kiti, si kwenye ukingo wa beseni.

Mkato hakufika. Alizaliwa tarehe 11 Aprili, kabla ya wakati wake, wa kike. Alipumua saa moja na nusu. Mume wangu alimshika, na mimi nilimshika. Alikuwa na kucha. Tumemzika kwenye makaburi yaliyo nyuma ya hospitali, chini ya ukuta, mahali panapopata jua la asubuhi.

Nilikuandikia siku ile ile nilipoweza kushika kalamu. Barua ilikuwa juu ya meza, imefungwa, inangoja stempu tu, na ndipo ya kwako ikaingia. Ya tarehe 2. Mume wangu alinisomea. Alipofika pale baba aliposema barua haina kosa nikamwambia simama. Akarudia. Halafu akasoma kwamba baba amesema pole.

Mama, baba hakuniambia pole hata siku moja maishani mwake. Nilipovunjika mkono aliniuliza nilikuwa naangalia wapi. Mimba ya kwanza ilipotoka alinitumia barua yangu ikiwa na makosa kumi na manne, na chini kabisa aliandika "utajifunza". Hiyo ndiyo ilikuwa pole yake, nami niliijua. Ukurasa mweupe na pole juu yake haukutoka kwa baba. Nikajua pale pale kwamba hayupo. Nilimwambia mume wangu, baba amekufa, na mama ameanza kusema kwa niaba yake, na amemfanya mpole kwa sababu ndivyo alivyotaka awe kwangu.

Tukatazama ile barua yangu iliyofungwa. Nikajiuliza, mama amebaki peke yake kwenye nyumba ile, anaegemea nini? Nikaona unaegemea tumbo langu. Ulikuwa unahesabu nepi. Nikiituma ile barua nakuondolea hata hicho ulichoegemea. Nikaichana. Nikaandika kwamba Mkato ametulia. Halikuwa neno la uongo, mama, ila najua ni uongo.

Ya mwezi wa tano ilipofika na wekundu, nililia mpaka mwenye nyumba akabisha hodi. Alama zako zimenyooka kama mikunjo ya suruali. Baba alikuwa anakata makosa. Wewe umezungushia duara maneno ambayo hayana kosa lolote. Umezungushia "baba". Umezungushia "Mkato". Umezungushia "watu wawili". Sijawahi kusahihishwa vizuri namna ile.

Niliapa kwamba hatufichani, na nimekufanya ucheke peke yako kwa mara ya pili. Nisamehe. Kama hutaki tena kuja nitaelewa. Na kama utakuja, usilete zile kofia.

Nukta wako


Tarehe 18 Julai

Mwanangu,

Barua hii haipiti posta. Treni ni keshokutwa na posta haiwezi kunishinda mbio. Nakuja nayo mkononi, nitakupa mlangoni, utaisoma mimi nikiwa nimekaa pembeni ya kitanda chako. Kwa mdomo sitaweza, nimejijaribu mbele ya kioo nikashindwa kwenye salamu.

Nilikaa kwenye kiti kama ulivyosema. Baba yako mdogo alikuwepo, tulikuwa tunakamua shuka, yeye kule mimi huku. Nikamwambia lishike, nisome barua ya mtoto. Alilishika muda mrefu sana lile shuka, maji yote yakammwagikia miguuni.

Kwa hiyo alikuwa wa kike. Kofia ya manjano basi. Nilikuwa nimeshajua moyoni, nikajifanya sijui.

Miezi yote hii, mwanangu, kila nikiamka na kuikuta ile nafasi kitandani, najiambia amka, dobi, kuna mtu anakuja mwezi wa saba. Na yeye alikuwa ameshakuja, na ameshaondoka, na bibi yake yuko huku anapinda nepi na kuimba. Sikukasirika. Ningekasirika na nani? Umefanya nilichofanya. Umenifulia kwa maji yale yale niliyokufulia.

Ila nakuomba nikwambie ukweli wote sasa, tusibaki na kitu chini ya godoro. Baba yako alikufa tarehe 19 Machi mchana akiwa anasahihisha barua yako. Kuna barua niliyokuandikia siku tano baadaye, sikuipeleka, nakuletea. Nakuletea na hiyo yako yenye wekundu nusu. Alama yake ya mwisho ameiweka pale ulipoandika juu ya ule mti, "Umekosa wenzake tu." Hakukata neno. Ameongeza mkato hapo, mdogo, mkia wake umevutika chini kama kalamu ilikuwa inateleza. Nimewaza sana alitaka kuandika nini baada ya hapo. Sijui. Huenda alikuwa anakusahihisha tu.

Na hilo la pole. Umesema kweli, hakulisema. Lakini usidhani nilikuwa natunga. Miaka yote ile, ukishaondoka chumbani, alikuwa ananiambia mimi, "Mwambie mtoto pole." Mimi namwambia, kamwambie mwenyewe, una miguu. Nilikuwa mkaidi, nilitaka ajifunze kulisema. Hata zile mbili zilipotoka, aliniambia hivyo hivyo, mara zote mbili, na mimi nikamjibu hivyo hivyo. Kwa hiyo nilichokuandikia mwezi wa nne kilikuwa chake. Ni mimi niliyechelewa kukileta.

Sileti kofia. Nepi nilitaka kuziacha, nimezitoa kwenye kikapu mara mbili nikazirudisha, sasa nimeamua zije. Ni shuka laini, hazina kosa. Utalala juu yake wewe. Nitakuosha uso kwa moja, na wewe unioshe mimi kwa nyingine. Tukizimaliza ishirini na nne tutaona.

Utanipeleka pale ukutani, saa ya lile jua la asubuhi.

Nadhani bado hujapeleka kadi ya neno lako. Baba yako alikuwa ana sheria yake ya mfano kutoka kwenye maisha, kwa hiyo na mimi nimejaza kadi moja, kwa kalamu yake. Wakubwa wako wa kamusi wasipoitaka usijali, iweke tu kwenye sanduku. Nimeandika hivi:

"Neno: hilo hilo. Maana: kinachobaki mwenyewe akishaondoka, na anayebaki nacho. Mfano: Doa jekundu lipo mfukoni mwa shati, na dobi anajua dawa yake, lakini halitoi."

Usinisahihishe.